Plastiki Haiishi, Inagawanyika: Hotuba kwa Wanaosafisha Mito na Fukwe

Hotuba hii niliitoa mbele ya watu wanaojitolea kusafisha mito na fukwe. Naiweka hapa nzima kwa ajili ya waliokosa kufika. Picha nilizoonyesha ukutani nimeziacha, ila maneno ni yaleyale.

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi, na ninyi nyote mnaoamka alfajiri kwenda kuokota takataka za watu msiowajua, asanteni sana kwa kunikaribisha.

Nimeombwa nizungumzie maikroplastiki, yaani zile chembe za plastiki zisizozidi milimita 5. Habari za kutisha juu ya chembe hizi mmezisikia za kutosha, na watu wakitishwa kila siku huzoea. Mimi nina jambo moja tu, na nitalirudia mpaka mlichoke: plastiki haiishi, inagawanyika. Ikiwa nzima, mtoto anaweza kuiokota. Ikishagawanyika, hakuna mkono utakaoikusanya, na hakuna mtambo utakaochuja bahari nzima. Kwa hiyo kila kazi yetu tuipime kwa swali moja: je, tumeiwahi?

Mwaka 1972, watafiti wawili, Edward Carpenter na Kenneth Smith, waliandika katika jarida la Science kwamba wamekuta vipande vidogo vya plastiki vikielea juu ya Bahari ya Sargasso, katikati ya Atlantiki, mbali kabisa na nchi kavu. Dunia ilisoma, ikafunga jarida, ikaendelea na shughuli zake. Ilipita miaka zaidi ya 30 ndipo Richard Thompson wa Chuo Kikuu cha Plymouth, Uingereza, na wenzake wakauliza swali ambalo hata mtoto angeliuliza. Mwaka 1950 dunia ilitengeneza plastiki tani milioni 2 hivi. Kufikia miaka yao ilikuwa imepita tani milioni 200 kwa mwaka, na leo imepita milioni 400. Sasa, hii tunayoiona ikielea haifiki hata robo ya iliyotupwa. Nyingine imekwenda wapi?

Waliitafuta kwenye mchanga. Njia yenyewe ni rahisi, hata wanafunzi waliopo hapa wanaweza kuifanya. Chukua mchanga wa ufukweni, utie kwenye chupa ya kioo. Mimina maji yaliyokolea chumvi, yaani umeweka chumvi mpaka imekataa kuyeyuka tena. Koroga, kisha subiri. Mchanga ni mzito, unashuka. Plastiki nyingi ni nyepesi kuliko maji yale, zinapanda juu. Chuja maji ya juu, weka chujio chini ya hadubini. Utaona uzi wa buluu iliyokolea, mwembamba kuliko unywele, unene wake sawasawa mwanzo hadi mwisho. Hakuna mmea wenye uzi wa namna hiyo. Utaona kigae chekundu chenye kingo zilizokwaruzika. Ukiwa na shaka, sogeza ncha ya sindano iliyopashwa moto: plastiki itajikunja na kuyeyuka. Na usisahau kuweka pembeni kisahani kitupu chenye karatasi yenye unyevu, maana shati lako mwenyewe linadondosha nyuzi wakati umeinama juu ya hadubini. Ukizikuta nyuzi kwenye kile kisahani, ujue sehemu ya ulichohesabu umekileta wewe.

Thompson na wenzake walikuta nailoni, poliesta, akriliki, yaani plastiki ambazo nguo nyingi hufumwa kwazo. Lakini kilichonigusa mimi zaidi katika utafiti ule si mchanga, ni hariri. Tangu mwaka 1931 meli za mizigo zimekuwa zikivuta nyuma yake chombo kinachochuja viumbe vidogo vya bahari kwenye utepe wa hariri. Tepe zile hazitupwi. Zimehifadhiwa, mwaka baada ya mwaka, njia kwa njia. Basi wakazifungua zile za njia ya kutoka Aberdeen kwenda Shetland, huko Scotland, na ile ya kuelekea Iceland, tangu miaka ya 1960 hadi ya 1990. Na humo, katikati ya viumbe waliokusanywa wakati hakuna aliyekuwa akiwaza habari hii, kulikuwa na nyuzi za plastiki. Chache katika miaka ya 1960. Nyingi zaidi katika miongo iliyofuata. Matokeo yakachapishwa mwaka 2004.

Ndugu zangu, plastiki iliyopotea haikuwa imepotea. Haikuisha. Iligawanyika.

Na inagawanyikaje? Miale ya jua, hasa ile ya urujuanimno, inakata minyororo ya molekuli. Kitu kilichokuwa laini kinakauka, kinapauka, kinapasuka. Kisha mawimbi na mchanga vinakisaga. Kazi hii huenda haraka zaidi ufukweni, penye joto na jua, kuliko kilindini kwenye giza na baridi. Lishikeni hilo, tutalirudia. Viumbe hai nao wanasaga bila kukusudia. Mwaka 2018 watafiti nchini Australia walionyesha kwamba uduvi wa Antaktika akimeza chembe za plastiki huzitoa zikiwa ndogo zaidi. Mwaka 2020 wenzao wa Ireland wakaona jambo hilohilo kwa kiumbe mdogo wa vijitoni, jamaa ya uduvi, na ilimchukua siku nne tu.

Sasa twende mtoni, maana makosa yetu makubwa yako huko. Kwa muda mrefu tumeitazama bahari kama ndiyo mgonjwa na mto kama njia tu ya kupita. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Manchester, Uingereza, waliamua kupima matope ya chini ya mito ya eneo lao, sehemu 40. Katika sehemu moja ya mto Tame walikuta chembe zaidi ya 500,000 katika mita moja ya mraba. Nusu milioni! Kisha yakaja mafuriko makubwa ya majira ya baridi ya 2015 na 2016. Wakarudi kupima upya, wakakuta asilimia 70 hivi ya chembe zilizokuwa kwenye matope yale hazipo tena. Walikadiria kwamba chembe bilioni 43 zilisombwa kuelekea baharini.

Hapo kuna habari mbili, na moja ni njema. Ile mbaya, mnaijua: mto unaweka akiba, mvua inakuja kuitoa yote kwa mkupuo. Ile njema ni kwamba mto unaweza kujisafisha, mradi tumeacha kuujaza. Watafiti hao walipofuatilia baadaye chanzo cha chembe zile, walielekeza kidole kwenye majitaka ambayo hayajasafishwa, yanayomwagwa mtoni hata siku zisizo na mvua, wakati maji ni kidogo na hayana nguvu ya kuzisukuma.

Majitaka yana plastiki gani? Kwa sehemu kubwa ni nguo. Imogen Napper na huyo huyo Thompson walipima mwaka 2016, wakaona kwamba kufua mara moja kilo 6 za nguo za akriliki kunaweza kutoa nyuzi zaidi ya 700,000. Mitambo mizuri ya kusafisha majitaka hunasa sehemu kubwa, mara nyingi zaidi ya asilimia 90. Lakini kinachonaswa kinakwenda wapi? Kinabaki kwenye tope, na tope hilo katika nchi nyingi humwagwa mashambani kama mbolea. Mvua ikinyesha, safari inaanza tena. Mnaona? Tumeihamisha tu.

Nataka nikae kidogo kwenye hadithi moja ya mvua, kwa sababu sijui nyingine inayoeleza vizuri kuliko hiyo.

Katika jimbo la Washington, Marekani, kuna samaki aitwaye salmoni koho. Huzaliwa kijitoni, hushuka baharini, hukua huko, kisha hurudi kijitoni kutaga mayai. Wenye kujitolea, watu kama ninyi, walirekebisha vijito vya mijini: waliondoa vizuizi, wakapanda miti kwenye kingo, wakarudisha changarawe. Samaki wakaanza kurudi. Watu wakafurahi. Kisha mvua ya vuli ikanyesha, na samaki wakaanza kufa. Jike lenye mayai tele tumboni linapanda juu ya maji, linafumbua mdomo kama linatafuta hewa, linazunguka bila mwelekeo, linapinduka ubavu. Baada ya saa chache limekufa, mayai yote yangali ndani. Katika baadhi ya vijito walikufa kati ya asilimia 40 na 90 ya waliorudi, kabla ya kutaga.

Si joto la maji lililowaua. Si ukosefu wa oksijeni. Si ugonjwa. Si dawa za kuulia wadudu. Kwa miaka mingi watafiti waliondoa jibu moja baada ya jingine. Kilichobaki ni maji ya mvua yanayotoka barabarani. Wakachukua chembe za matairi, wakaziloweka, wakawapa samaki maji yale, samaki wakafa. Lakini ndani ya maji yale kulikuwa na kemikali zaidi ya 2,000. Kikundi kilichoongozwa na Zhenyu Tian na Edward Kolodziej, wakiwa na Jenifer McIntyre, kikazitenganisha fungu kwa fungu, kila mara wakiuliza ni fungu gani bado linaua, mpaka wakabaki na moja. Walitangaza jibu Desemba 2020. Matairi huwekewa kemikali iitwayo 6PPD ili mpira usipasuke kwa sababu ya ozoni iliyomo hewani. 6PPD ikikutana na ozoni hugeuka kuwa kitu kingine, 6PPD-kwinoni. Hicho ndicho kilichokuwa kikiua koho. Na ajabu yake, salmoni wa aina nyingine, chum, akiwekwa kwenye maji yaleyale hafi.

Mnaelewa uzito wa jambo hili? Tairi linasagika kila gari linapokwenda, linapopiga kona, linapofunga breki. Vumbi lake, ambalo nalo huhesabiwa kuwa maikroplastiki, linakaa barabarani likisubiri mvua. Hakuna aliyetupa takataka hapo, na hata mtu mwenye adabu kuliko wote humu ndani, akipanda gari, ameacha vumbi lile nyuma yake. Kwa hiyo msikubali mtu awaambie kwamba tatizo lote la plastiki ni wananchi wachafu. Takataka zipo, tunaziokota, lakini nyuzi na matairi hazitokani na utupaji. Zinatokana na jinsi vitu vilivyotengenezwa.

Koho hao wana sehemu ya pili ya hadithi, nayo hunipa nguvu. Kabla hata sumu haijajulikana jina, watafiti walipitisha maji ya barabarani kwenye tabaka za mchanga, mboji na vipande vya magome ya miti. Maji yaliyotoka upande wa pili hayakuua samaki. Udongo tu! Na mwaka 2023 makabila matatu ya wenyeji asilia yanayoishi kwa salmoni, Yurok, Port Gamble S'Klallam na Puyallup, yaliitaka mamlaka ya mazingira ya Marekani ichukue hatua juu ya 6PPD ndani ya matairi, na mamlaka ikakubali kulishughulikia ombi lao. Watu wa mtoni ndio waliosimama kwanza.

Kuna ndege mmoja wa mitoni, Cinclus cinclus kwa jina la kisayansi, mdogo, kifua cheupe. Huyu hupiga mbizi kwenye maji ya kasi, hutembea chini ya maji na kupekua mabuu ya wadudu kwenye mawe. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Cardiff walikusanya matapishi na vinyesi vya ndege hawa kwenye mito ya kusini mwa Wales, na takriban nusu ya sampuli zilikuwa na plastiki, nyingi zikiwa nyuzi. Walikadiria kwamba ndege mmoja humeza chembe 200 hivi kwa siku. Kisha mzazi anabeba mabuu kwenda kiotani kulisha makinda, na zile nyuzi zinakwenda nayo. Yaani mto mzuri, wenye maji yanayong'aa, usio na chupa hata moja inayoelea, unalisha makinda poliesta. Mkiuona mto unang'aa, msiseme umepona.

Na baharini? Katika kisiwa cha Lord Howe, Australia, watafiti walichunguza matumbo ya ndege wa baharini wanaomeza plastiki, wakakuta kuta za matumbo zimejaa makovu. Kadiri ndege alivyokuwa na plastiki nyingi, ndivyo makovu yalivyozidi. Mwaka 2023 waliupa ugonjwa huo jina: plastikosisi. Kwenye Shimo la Mariana, katika bahari ya Pasifiki, zaidi ya mita 6,000 chini, watafiti wengine walikuta kiumbe mpya, jamaa ya uduvi, asiyejulikana na sayansi, na tumboni mwake kuna uzi wa plastiki. Wakamwita Eurythenes plasticus. Kabla hatujamjua kwa jina, plastiki yetu ilikuwa imeshamfikia.

Sasa mnaniuliza: na sisi binadamu je? Chembe zimepatikana katika kondo la nyuma la akina mama, na katika damu. Mwaka 2024 madaktari wa Italia waliripoti kwamba wagonjwa waliokuwa na plastiki kwenye mafuta yaliyoganda ndani ya mishipa ya shingo walipata mshtuko wa moyo, kiharusi au kifo mara nyingi zaidi kuliko wale wasiokuwa nayo. Hilo ni jambo zito. Lakini utafiti ule haukuthibitisha kwamba plastiki ndiyo iliyosababisha, na waliouandika wamelisema hilo wenyewe. Nawaomba pia, ile habari kwamba kila mtu anakula plastiki ya uzito wa kadi ya benki kila wiki, msiirudie. Makadirio yaliyofuata, yaliyofanywa kwa uangalifu zaidi, yalitoa kiasi kidogo mno kuliko hicho. Tukisema lisilo kweli mara moja, watu watatunyima masikio siku tutakapokuwa na la kweli. Na la kweli linatosha.

Niwape mfano mmoja wa plastiki ambayo haikupata hata nafasi ya kuwa kitu. Mei 2021 meli ya X-Press Pearl iliwaka moto karibu na Colombo, Sri Lanka. Ndani yake mlikuwa na tani 1,680 hivi za punje za plastiki, ile malighafi inayopelekwa viwandani kuyeyushwa. Zilimwagika. Fukwe zikafunikwa, wavuvi wakazuiwa kuvua. Watu walikaa mchangani na machekecheo wakichekecha, na kesho yake maji yakaleta nyingine. Zile zilizoungua zilikuwa mbaya zaidi, kwa sababu zilishikana mabonge meusi na kahawia yanayofanana na mawe, jicho linazipita. Julai 2025 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamuru wahusika wa meli walipe fidia ya dola bilioni moja. Nasema walipe. Lakini hakuna fedha inayoweza kuinunua ile punje iliyoko kwenye mchanga, chini ya mita moja, ikisubiri wimbi lijalo. Punje hizi husafirishwa baharini kila siku, kote duniani, nami naamini zinastahili kufungwa na kupangwa melini kama mizigo mingine ya hatari.

Sheria zinafanya kazi zikikaza mahali pamoja. Zile punje za kusugulia ngozi zilizokuwa zikiwekwa kwenye sabuni za uso, ambazo kazi yake ilikuwa kutumika nusu dakika kisha kwenda mtoni, Marekani ilizipiga marufuku kwa sheria ya mwaka 2015, Uingereza mwaka 2018, na mwaka 2023 Umoja wa Ulaya ukazuia kuongezwa kwa chembe za plastiki katika bidhaa za aina nyingi. Nani amelia kuzikosa? Mashine za kufulia zinaweza kuwekewa chujio. Ufaransa ilitunga sheria hiyo mwaka 2020, ingawa utekelezaji umesuasua. Na jijini Nairobi, Machi 2022, mataifa yalikubaliana kuandaa mkataba wa dunia juu ya plastiki. Yakakutana Busan mwaka 2024, yakakutana Geneva Agosti 2025, yakatoka mikono mitupu. Linalowagawa zaidi ni hili: tuweke kikomo kwenye utengenezaji, au tuzungumzie taka tu? Mimi nasimama na wanaotaka kikomo. Huwezi kukausha sakafu huku bomba limefunguliwa.

Mtu mmoja ameniuliza pale mlangoni kama kuna maana yoyote ya kuendelea kuokota. Ndugu yangu, ipo, tena kubwa. Mkumbuke nilivyosema, ufukwe ndiko plastiki inakosagika haraka. Chupa moja mliyoiondoa leo mmezuia maelfu ya vipande ambavyo kesho msingeweza kuvigusa. Ila kazi hii ina wakati wake na mahali pake. Sisi tumezoea kusafisha baada ya mvua, kwa kuwa ndipo uchafu unapoonekana. Mto Tame na koho wanatuonyesha kwamba baada ya mvua tumeshachelewa. Twende kabla. Tuanzie juu, kwenye mitaro na vijito, tushuke nayo hadi ufukweni. Na kila punje mtakayoikuta iandikeni: mahali, tarehe, rangi, picha. Mwenye kiwanda anaweza kubishana na hasira zenu. Hataweza kubishana na daftari la miezi kumi na miwili linaloonyesha punje za rangi ileile chini ya mtaro uleule.

Mwenyekiti, ramani ya mitaro iko mezani, na kabla ya mvua bado tuna wiki chache. Kama muda unaruhusu, badala ya maswali naomba tugawane mitaro sasa hivi: kila kikundi kitaje ule ulio karibu nacho, na jina la mtu atakayeshika daftari. Asanteni.